Maisha ya Harry Thuku wa Kambui, Aliyedai Mizani Moja



Kurasa hizi zimezowea kuwaeleza maisha ya wanavyuoni na waja wema wa pwani yetu. Leo tunamleta mtu ambaye si wa dini yetu wala si wa pwani. Alizaliwa bara, akasomeshwa na wamisheni, akamalizia umri wake katika kilimo cha kahawa. Tunamleta kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kuwa haki ni haki, na mwenye kuidai hutajwa kwa wema hata akiwa si mwenzetu katika ibada. Ya pili ni kuwa kisa chake kinatugusa sisi watu wa pwani kuliko tunavyodhani, na mbele tutaonyesha mahali kinapotugusa.

Msafiri atokaye Mombasa akafika Nairobi, kisha akashika njia ya kaskazini, hupita Ruiru kabla ya kufika Thika. Leo miji hii miwili imejaa viwanda na majumba ya kupangisha, na barabara iliyo baina yao ni pana, magari hayakatiki usiku na mchana. Lakini mwanzoni mwa karne ya 20 hii ilikuwa nchi ya mashamba makubwa ya Wazungu: kahawa upande wa Ruiru, kahawa na mkonge upande wa Thika. Reli ya kutoka Nairobi ilifika Thika mwaka 1913, ikawa ndiyo njia ya kuteremshia mazao hayo mpaka bandarini Mombasa. Na magharibi ya Ruiru, pale ardhi inapoanza kupanda kuelekea milimani, ndipo palipo na Kambui, nchi ya Wakikuyu. Hapo alizaliwa Harry Thuku mwaka 1895. Basi tangu utoto wake juu kulikuwa na vijiji vya watu wake, na chini kukaenea mashamba yaliyokuwa yakitaka mikono ya watu hao.

Wamisheni wa Kimarekani walikuwa wamefungua kituo hapo Kambui, na Thuku alikaa kwao miaka minne akijifunza kusoma na kuandika. Mwaka 1911 aliteremka Nairobi kutafuta kazi, akawa tarishi katika benki. Mwaka ule ule alipatikana na kosa la kughushi hundi, akafungwa miaka miwili. Hatulifichi jambo hili, kwani mwenye kuandika maisha ya mtu akachagua mazuri tu huwa ameandika sifa, hakuandika khabari. Alipotoka gerezani aliingia katika kiwanda cha chapa cha gazeti moja la masetla, akajifunza kupanga herufi. Hebu zingatia, ndugu msomaji: kijana wa Kambui alikuwa akiyapanga kwa vidole vyake, herufi baada ya herufi, maneno ya watu waliokuwa wakitaka nchi yote iwe yao. Huko alizidi kukijua Kiingereza, na khasa alipata kujua yaliyokuwa yakisemwa juu ya Mwafrika pale ilipodhaniwa kuwa Mwafrika hasikii. Baadaye alipata kazi ya simu katika ofisi ya Hazina ya serikali. Kwa Mwafrika wa zama zile hiyo ilikuwa kazi ya heshima na mshahara mzuri, na lau angalipenda kunyamaza angaliishi kwa raha.

Sasa tueleze ilikuwaje sheria ya wakati ule, kwani bila ya kuijua sheria hatutajua kwa nini mtu huyu aliacha raha yake.

Vita vya Kwanza vya Dunia vilipokwisha mwaka 1918, maelfu ya Waafrika waliochukuliwa kuwa wapagazi wa jeshi hawakurudi makwao. Waliorudi walikuta askari wa Kizungu wakigawiwa mashamba kwa ajili ya utumishi wao vitani, na wao hawakupewa kitu. Mwaka 1920 nchi ya bara iligeuzwa kuwa koloni la Mfalme wa Uingereza, na ukanda wetu wa pwani ukabakishwa kwa jina la himaya, kwa kuwa ulikuwa wa Sultani wa Zanzibar. Mwaka huo huo ikaanza kutekelezwa sawasawa sheria ya kipande, iliyokuwa imetungwa mwaka 1915. Kila mwanamume Mwafrika aliyetimiza miaka 16 alilazimishwa kuchukua karatasi yenye jina lake, alama za vidole vyake, na khabari za kazi yake na za bwana aliyemwajiri, na karatasi hiyo ikatiwa katika kikopo cha chuma kikaning'inizwa shingoni. Asiyekuwa nacho aliingia khatarini kutozwa faini au kufungwa. Aliyeacha kazi kabla ya bwana wake kumwandikia ruhusa aliandamwa kama mtoro. Mzungu hakukivaa, wala Mhindi, wala Mwarabu. Kosa halikuwa katika kitendo cha mtu, bali katika rangi aliyozaliwa nayo.

Na mambo hayakukomea hapo. Kodi ilipandishwa ikafika shilingi 16 kwa mwaka. Kisha mwaka 1921, bei za mazao zilipoanguka, masetla waliafikiana kuipunguza mishahara ya Waafrika kwa thuluthi nzima. Yaani mkono mmoja uliongeza deni la mtu, na mkono wa pili ukampunguzia chumo alilokuwa akilipia deni hilo. Na waraka wa serikali wa mwaka 1919 ulikuwa umewataka maofisa na machifu wawahimize watu kwenda kufanya kazi mashambani mwa Wazungu, wanawake na watoto wasiachwe. Neno kuhimiza lilikuwa laini katika karatasi, lakini lilipofika kijijini lilikuwa ni amri. Wakati wa kuchuma kahawa, wake za watu na mabinti wao walikuwa wakitolewa majumbani kwa nguvu, wakakaa mbali na jamaa zao, na wengine wakarudi wamevunjiwa heshima. Na Mwafrika huyo ambaye mkewe alilazimishwa kuichuma kahawa ya mwengine hakupewa idhini kuipanda kahawa hiyo katika ardhi yake mwenyewe. Ndugu yangu, dhulma hii haihitaji sherehe. Hata mtoto wa chuoni ataifahamu.

Mwezi wa Juni 1921 Thuku na wenziwe walianzisha chama cha vijana wa Kikuyu. Muda si muda wakaona kuwa maumivu yale hayakuwa ya Wakikuyu peke yao, wakakipa chama jina la Shirika la Afrika Mashariki, likaingia watu wa makabila mbalimbali waliokuwa wakifanya kazi Nairobi. Miongoni mwa viongozi wenziwe alikuwamo Abdulla Tairara, Mkikuyu aliyekuwa Mwislamu. Tunalitaja jina lake kwa makusudi, kwani wako wanaodhani kuwa Waislamu hawakuwa na sehemu katika mwanzo wa harakati hizi. Pia Thuku alisaidiwa na Wahindi, khasa Manilal Desai, mwenye gazeti la East African Chronicle, ambaye watu wake nao walikuwa wakidai haki sawa katika kupiga kura na katika kumiliki ardhi ya milimani. Kwa msaada huo chama kilipata mahali pa kuchapia karatasi yao kwa Kiswahili, iliyoitwa Tangazo. Tarehe 10 Julai 1921 palifanyika mkutano mkubwa Nairobi, watu wakapitisha madai yao juu ya kodi, kipande, mishahara na kazi za kulazimishwa, na madai hayo yakapelekwa London kwa simu.

Hapo ndipo ulipozuka uadui. Machifu wengi walikasirika, kwa kuwa wao ndio waliokuwa wakipeleka watu mashambani. Wamisheni nao walikasirika, kwa kuwa yule waliyemfundisha kusoma amewataja Wahindi kuwa ni marafiki wa Mwafrika. Na serikali ilikasirika kwa kuwa mtumishi wake amepita juu ya vichwa vya wakubwa wake akazungumza na London. Ofisini aliambiwa achague: ama kazi yake, ama siasa. Akaiacha kazi. Alizunguka Kiambu na Fort Hall, ambayo leo ni Murang'a, akafika hata Nyanza, na mikutano yake ikahudhuriwa na maelfu. Aliwaeleza watu kwa uwazi kuwa wana haki ya kulalamika, na akawataka wavikusanye vipande virudishwe kwa serikali iliyovitoa. Wanawake walimpenda mno kwa kuwa ndiye aliyewatetea hadharani, wakamtungia nyimbo za kumsifu.

Tarehe 14 Machi 1922 alikamatwa Nairobi. Kesho yake wafanya kazi waliacha kazi zao, wapishi na watumishi wa majumbani, matarishi na wachukuzi, wakaenda kukusanyika nje ya kituo cha polisi alikofungiwa. Tarehe 16 watu walikuwa wamefika maelfu. Hawakuwa na silaha za vita. Walituma wajumbe kuonana na wakubwa wa serikali, na wajumbe waliporudi waliwaomba watu watawanyike, kwa kuwa wameahidiwa kuwa Thuku hatadhuriwa. Wengine walianza kuondoka. Ndipo aliposimama mwanamke mmoja, Mary Muthoni Nyanjiru, mzaliwa wa Weithaga. Aliwalaumu wanaume kwa woga wao, akawataka wampe suruali zao avae yeye, nao wachukue nguo yake, na akafanya kitendo ambacho katika mila ya Kikuyu mwanamke hakifanyi ila pale anapotaka kuwafedhehesha wanaume kupita kiasi. Wanawake wakapiga vigelegele, watu wakasogea mbele kuelekea mlangoni, na askari wakafyatua bunduki.

Nyanjiru alikuwa miongoni mwa wa mwanzo kuanguka. Imepokewa pia kuwa baadhi ya masetla waliokuwa katika baraza ya hoteli ya Norfolk, iliyo jirani na mahali hapo, nao walishiriki kupiga risasi. Serikali ilihesabu maiti 21, na kati yao wanne ni wanawake. Watu wa chama walisema waliohesabiwa katika nyumba ya maiti walikuwa 56. Ama iwe hesabu ya wale au ya hawa, waliokufa ni watu waliokwenda kuuliza kosa la mwenzao.

Na hilo ndilo swali ambalo halikupata jawabu, kwani Thuku hakupelekwa mbele ya hakimu hata siku moja. Ilikuwapo sheria ya mwaka 1909 iliyompa Gavana uwezo wa kumhamisha Mwafrika yeyote aliyeonekana ni khatari kwa amani, bila ya mashtaka, bila ya shahidi, bila ya kujitetea. Mzungu aliyetuhumiwa alikuwa na haki ya kusikilizwa na kuamuliwa mbele ya Wazungu wenziwe. Mwafrika aliyetuhumiwa alitosha kuandikiwa barua. Kwa barua hiyo Thuku alitolewa Nairobi akapelekwa Kismayu, bandari ya Waislamu wa Kisomali na Kibajuni, iliyokuwa bado chini ya Waingereza. Mwaka 1925, Jubaland ilipokabidhiwa Italia, aliondolewa huko. Akawekwa Lamu na Witu, na hatimaye Marsabit. Alikaa uhamishoni karibu miaka tisa, akarudi kwao Kambui mwanzo wa mwaka 1931. Alikwenda akiwa kijana wa miaka 27, akarudi mtu mzima.

Hapa ndipo kisa kinapotugusa sisi, na tunaomba radhi kwa atakayeumia, kwani dawa ya kweli huwa chungu.

Katika miaka hiyo hiyo ambayo watu wa bara walikuwa wakipigwa risasi kwa kuikataa sheria inayopima watu kwa rangi, wazee wetu Mombasa walikuwa wakipeleka maombi serikalini. Waliomba nini? Watu wa Thenashara Taifa waliomba wahesabiwe pamoja na Waarabu, wasihesabiwe pamoja na wenyeji, kwa kuwa mwenyeji ndiye aliyekuwa chini ya sheria za kodi ya nyumba na kipande. Na mwaka 1923 serikali ilipotoa nafasi ya Mwarabu mmoja wa kuchaguliwa katika Baraza la Kutunga Sheria, zikazuka khitilafu za nani ni Mwarabu na nani siye, ndugu wakapekuana nasaba, na majirani wa msikiti mmoja wakatazamana kwa jicho baya. Hatuwahukumu wazee wetu. Walikuwa wakikimbia unyonge, na mwenye kukimbia moto hachagui mlango. Lakini yatupasa tuseme wazi: wao walitaka kupanda daraja moja katika ngazi ya dhulma, na Thuku alitaka ngazi yenyewe iondolewe. Na sisi ndio ambao kila siku tara tano tunasimama safu moja, tajiri na hamali, mweusi na mweupe, bega kwa bega. Tulikuwa na somo hilo mikononi, akatangulia kulifanyia kazi mtu ambaye hakusoma chuoni kwetu.

Je, mapambano yale yalizaa nini? Mwaka ule ule wa 1922 kodi ilipunguzwa kutoka shilingi 16 hadi 12. Mwaka 1923 serikali ya London ilitoa tamko kuwa katika Kenya maslaha ya Waafrika yatatangulizwa juu ya maslaha ya wageni, na ingawa tamko hilo halikutekelezwa inavyopasa, liliandikwa, na likawa hoja mikononi mwa wadai haki waliofuata. Kipande kilikawia. Ilibidi kingojwe mpaka mwaka 1947, ilipotungwa sheria ya kuandikisha watu wa rangi zote. Na hapo pana mazingatio: Wazungu walipoambiwa kuwa nao watachukuliwa alama za vidole, walipiga kelele kuwa wamevunjiwa heshima, mpaka sheria ikalegezwa, mwenye kujua kusoma akaweza kutia sahihi na picha badala yake. Jambo ambalo Mwafrika alilivumilia kwa zaidi ya robo karne, wao hawakulistahimili hata miaka mitatu.

Ama Thuku mwenyewe, maisha yake baada ya kurudi yamewatia watu wengi mashaka. Mwaka 1932 alichaguliwa rais wa Kikuyu Central Association, lakini upesi ukatokea mfarakano, na mwaka 1935 akaunda chama chengine, Kikuyu Provincial Association, kilichojifunga kuitii serikali na kudai haki kwa njia za sheria pekee. Mwaka 1944 alikuwa mwenyekiti wa kwanza wa chama kilichokuja kuitwa Kenya African Union, akakaa muda mchache, akajiuzulu. Zilipozuka vurugu za Mau Mau, alizilaumu hadharani mwaka 1952, katika redio. Kwa hayo wengi katika watu wake walimwona ameisaliti njia yake, na vijana wakamsahau.

Sisi tunasema hivi. Anayetaka kusema kuwa miaka ya mwisho ya Thuku haikufanana na ya mwanzo, na aseme, kwani ni kweli. Lakini mwenye kudai mizani moja naye apimwe kwa mizani moja. Asipewe utukufu wote kwa ajili ya mwaka 1922, wala asinyang'anywe wote kwa ajili ya mwaka 1952. Tena atazamaye kwa makini ataona uzi mmoja katika maisha yake: tangu mwanzo alikuwa mtu wa barua, wa mkutano wa wazi, na wa madai yanayosomwa mchana. Waliobadilika zaidi yake ni wale walioona kuwa barua hazijibiwi. Na aliyewafundisha hivyo si mwengine ila serikali iliyojibu barua kwa risasi.

Miaka yake ya baadaye aliipitisha Kambui akilima, na kilimo chake kilikuwa ni kahawa. Katika miaka ya 1930 serikali ilikuwa imeanza kuwaruhusu Waafrika wachache kuipanda, lakini mbali, huko Kisii, Embu na Meru, isichanganyike na ya masetla. Wakikuyu waliopakana na mashamba ya Ruiru na Thika walicheleweshwa mpaka baada ya Vita vya Pili, na mlango ulifunguliwa wazi kwa mpango wa kilimo wa mwaka 1954. Mwaka 1959 Harry Thuku aliingia katika halmashauri ya chama cha wakulima wa kahawa wa Kenya, akiwa Mwafrika wa kwanza kukaa humo. Alikaa meza moja na watu ambao miaka 40 kabla yake walikuwa wakiwataka dada zake wawachumie. Kwa anayejua historia ya milima ile, hili si jambo dogo.

Alifariki tarehe 14 Juni 1970, nchi ikiwa imekwisha kuwa huru tangu mwaka 1963. Njia ipitayo mbele ya hoteli ile ya Norfolk leo inaitwa kwa jina lake. Nyanjiru na wenziwe waliokufa karibu na hapo hawakupata njia kubwa kama hiyo, na wengi wao hata majina yao hayajulikani.

Ndugu Waislamu, sheria za rangi zimefutwa vitabuni, lakini tabia zake hazifutwi kwa kalamu ya serikali. Bado tuna watu wanaomuuliza mchumba nasaba yake kabla ya kumuuliza dini yake na tabia yake. Bado yuko anayemwita ndugu yake wa bara kwa jina la dharau, na yule wa bara akamwita wa pwani mgeni katika nchi yake. Bado ofisini mtu hutazamwa uso na jina kabla ya karatasi zake kusomwa, na sisi tunaolalamika kwa kufanyiwa hayo tunawafanyia wengine majumbani mwetu. Mwenye kutaka haki na aitake kwa wote, na aanze nyumbani kwake. Akiitaka kwa ajili ya kabila lake tu, huyo hakutaka haki, ametaka zamu yake ya kudhulumu.

Wa billahi ttawfiq.